Chumvi ya Mama Mtaa wa Sokoni

Mimi si mtu wa maneno matamu, na waliokua nami Mpanda watakubali haraka kuliko ningependa. Nilikuwa na mdomo. Ndiyo maana mkuu wa shule ya sekondari alipotafuta mtu wa kumtembeza mwalimu mgeni mtaa wa sokoni, alikuja moja kwa moja nyumbani kwetu Makanyagio. Alimwambia mama kwamba anataka binti ambaye wauzaji wanamwogopa kidogo. Mama akacheka, akaniita nitoke ndani.

Ilikuwa katikati ya miaka ya tisini, Mpanda ikiwa bado ndani ya Mkoa wa Rukwa. Mwalimu huyo alikuwa Mjapani, mwanamke wa rika langu, amekuja kufundisha hesabu. Alishuka kwenye treni ya Tabora akiwa mwekundu kwa vumbi, na kwa muda mrefu alikula mikate na ndizi tu, kwa sababu vingine vyote hakujua vinaitwaje wala vinaliwaje. Mkuu wa shule aliogopa mgeni wake atarudi kwao akiwa mifupa mitupu.

Nilidhani kazi yangu ni kumfundisha kununua nyanya. Kumbe mwenzangu alikuwa na lake. Kwa Kiswahili cha kupapasapapasa alinieleza kwamba amekulia kwenye mtaa wa maduka, mtaa mwembamba wenye paa kuanzia mwanzo hadi mwisho, mvua ikinyesha wanunuzi hawalowi. Wageni wakifika, wanawake wazee wa mtaa huwachukua na kuwatembeza duka kwa duka wakionja. Hapa majani ya chai yanayokaangwa mlangoni, pale soya iliyogandishwa ikawa laini kama mtindi, mbele kidogo samaki mkavu, mgumu, anayepigwa randa kama ubao, na kinacholiwa ni yale maranda. Baba yake alikuwa na duka hapohapo, la mboga zinazohifadhiwa kwenye chumvi. Na kila dukani, alisema, kabla hujatia kitu mdomoni unaambiwa kwanza huyu ni nani, alifunzwa kazi na nani, na ana ugomvi na nani.

"Nitembeze hivyo," akasema. "Mimi nataka kuonja na kujua mtu."

Nikamwambia paa hatuna, ila watu na ugomvi wapo wa kutosha.

Basi tukaanza, kila Jumamosi asubuhi. Tulitokea upande wa stesheni, tukaingia mtaani kwa wauza asali ya Inyonga, asali nyeusi yenye vipande vya masega na nyuki mmojammoja aliyekufa akitetea mali yake. Kutoka hapo tulikwenda kwenye mchele wa Usevya, ambao nilimfundisha kuutafuna mbichi kabla ya kuusifu, kisha kwa wauza migebuka mikavu ya Karema. Nilipowasimulia hawa habari ya samaki wa kupigwa randa, walikataa katakata kuamini. Mmoja aliuliza kama huko kwao maseremala ndio wapishi.

Mwalimu alikuwa na desturi ya kuinama akisalimia. Nilijiandaa kuwagombeza watakaomcheka, lakini hakuna aliyecheka. Wafipa wetu husalimia kwa kuchutama na kupiga makofi polepole, kwa hiyo walipomwona anainama walisema huyu amelelewa, wakampigia makofi yake. Akajifunza kuyajibu. Baada ya wiki chache ungemkuta mwuza nyama anainama, Mjapani anapiga makofi, na mimi katikati nimeshika kikapu nikisubiri wamalize adabu zao.

Habari zikaenea. Nesi aliyehamishiwa kutoka Dar akaomba atembezwe, halafu bwana mmoja wa reli na mkewe. Wakati huo nilikuwa nafundisha watoto wa chekechea ya parokia asubuhi za siku za kazi, na Jumamosi zangu zote zikawa za wageni. Nilijiona ninaujua mtaa ule kama kiganja changu. Nani alimwacha nani, nani anachanganya mchele mpya na wa zamani, nani haongei na jirani yake tangu kuku wake aliponyongwa. Niliyajua yote, na niliyasema.

Safari zote ziliishia kwenye banda la mama. Mama yangu alikuwa mama ntilie, na tangu baba alipofariki banda lile ndilo lililotulisha na kuwasomesha wadogo zangu. Alipika wali, maharage, na migebuka ya kurosti kwa karanga iliyowafanya madereva wa malori wapange safari zao wafike Mpanda mchana. Wageni wangu nilikuwa nikiwafikisha hapo na kuwaeleza desturi yetu moja. Huku kwetu ukimkaribisha mtu chakula au kinywaji, unaonja wewe kwanza, mbele ya macho yake. Ni kiapo kisicho na maneno. Nilichokupa nimekila, kama kina neno baya litanianza mimi. Kwa hiyo mama alichota kijiko, akaonja, akasema "karibuni," ndipo wageni wakagusa sahani zao.

Mwalimu alipenda sana desturi ile. Alisema kwao haipo, na kwamba atamwandikia baba yake.

Ambalo hakuna mgeni aliyelijua, na nililodhani hakuna mtu mwingine anayelijua duniani zaidi yangu, ni kwamba mama alikuwa anaonja bure. Masika ya mwaka ule aliugua homa kali, akalazwa, akachomwa sindano hadi masikio yakavuma. Alirudi nyumbani mzima kwa kila kitu isipokuwa ulimi. Hakusikia chumvi, hakusikia sukari, hakusikia pilipili ila kwa kutokwa machozi. "Nakula kama natafuna gazeti," aliniambia, akanikataza kumwambia mtu yeyote, hata wadogo zangu. Mpishi asiyesikia ladha nani atamfuata? Na Mpanda ile, maneno yangefika mbali zaidi ya ladha. Wangeuliza amemkosea nani, amefungwa ulimi na nani. Banda lingekufa ndani ya mwezi.

Jumamosi nilimwonjea mimi. Siku nyingine alikuwa peke yake na masufuria yake, na moyo wangu ulikuwa juujuu chekechea nzima. Lakini siku zikapita, wateja hawakupungua. Chumvi ilikuwa inakolea vilevile. Nilipomuuliza anafanyaje, aliniambia mkono umezoea. Nikaamini. Nilimshukuru Mungu kwa mkono wa mama yangu, nikaendelea na wageni wangu.

Kiangazi kilipoingia, mwalimu alikuja nyumbani anakimbia karibu avunje lango la mabua. Baba yake anakuja. Atatua Dar, atapanda treni hadi Mpanda, na jambo la kwanza alilotaka ni kutembezwa mtaa wa sokoni kama binti yake alivyomwandikia, mpaka kwa yule mama anayeonja kwanza.

Mama alingoja mwalimu aondoke. Akakaa kwenye kigoda.

"Yule mzee kazi yake nini?"

"Si nilikwambia? Anauza mboga za chumvi."

"Maisha yake yote?"

"Yeye na baba yake na babu yake."

"Basi siku hiyo sipiki," mama akasema. "Mtu wa chumvi atanijua."

Tulibishana siku nyingi. Mimi nilisema akifunga banda siku ambayo mtaa mzima unamngojea mgeni, hapo ndipo watu wataanza kuuliza. Yeye alisema afadhali waulize kuliko wapate jibu. Mwisho nilipandisha sauti, kama kawaida yangu, na mama akashika kimya, kama kawaida yake. Kisha akasema atapika, ila nisimsogelee siku hiyo maana nitamtia hofu.

Mzee wa Kijapani alikuwa mfupi, mkavu, mwenye mikono iliyokauka ikapasuka kama ya wachimba chumvi. Alitembea taratibu. Alionja asali akafumba macho. Alitafuna mchele wa Usevya mbichi akatikisa kichwa kwa heshima. Kwa wauza migebuka alitoa mfukoni mfuko mdogo wa yale maranda ya samaki, akawagawia. Walionja, wakatazamana, na yule aliyewahi kuuliza habari ya maseremala akasema kwamba ni samaki kweli, ila kachoka.

Ndipo tukafika barazani kwa mwuza chumvi. Huyu alikuwa mzee wa Kiislamu, mtu wa Ujiji kwa asili, mpole, anayeongea kana kwamba kila neno linapimwa kwa kopo. Aliuza chumvi ya Uvinza kutoka kwenye magunia yaliyo wazi. Mgeni alipoona magunia yale alisahau umri wake. Alichuchumaa, akaweka punje moja kwenye ulimi, halafu akaanza kumweleza binti yake maneno mengi ambayo mwalimu aliyafupisha kuwa "anafurahi."

Pembeni ya magunia, juu ya kibao, palikuwa na vifurushi vidogo vya karatasi ya gazeti. Vingine vimefungwa kwa uzi mwekundu, vingine mweupe, vingine mweusi, nyuzi za fundi cherehani wa baraza ileile. Mgeni akavinyooshea kidole, na mwalimu akauliza ni chumvi gani hiyo, mbona haichanganywi na nyingine.

Mwuza chumvi alinitazama mimi.

"Waambie ni ya mtu," akasema.

"Ya nani?" nikauliza. Nilikwisha kusimama pale mara nyingi sana na sikuwahi kuviona.

"Binti, usinitanie. Ya mama yako."

Nilibaki nimemkodolea macho. Akaona kweli sijui, na nadhani alijuta, lakini alikuwa mtu asiyeweza kuuacha mzigo katikati ya njia. Akanivuta kando, akashusha sauti.

"Mwekundu wa samaki, mweupe wa maharage, mweusi wa wali. Kifurushi kimoja sufuria moja. Nilimwambia chumvi inashika unyevu, siku hizi nafunga hivi, kila sufuria na uzi wake. Akachukua bila kuuliza. Kila siku anachukua."

"Nani alikuambia habari ya mama?"

Akaonyesha kwa kidevu ng'ambo ya njia, kwa mama mmoja wa Katumba aliyeuza unga wa muhogo na maharage. Alikuwa mmoja wa wale waliokimbia Burundi wakiwa wadogo, wakapewa ardhi msituni na kuigeuza mashamba. Kumbe siku za mwanzo, mama alipotoka tu hospitali, mwanamke huyu alikuwa wa kwanza kuletewa sahani ya maharage. Yalikuwa chapwa kabisa, hayana hata punje ya chumvi. Aliyala yote. Alimwambia mama ni matamu, akavuka njia akaenda kumwambia mwuza chumvi. Kesho yake chumvi ilizidi mpaka midomo ikawasha. Wakaenda pamoja, yeye na mwuza chumvi na mwuza kahawa wa jirani, wakala wao, wakanunua sufuria nzima kabla madereva hawajafika, wakasema wana wageni nyumbani. Walifanya hivyo mpaka mwuza chumvi alipopata vipimo sawasawa. Jioni alikuwa akipika maharage kwake, mke wake akionja, kutafuta kifurushi kinachofaa sufuria ya mama yangu.

"Hatukusema," aliniambia, "kwa sababu tuliona hataki kusemwa. Angejua tunajua, asingekaa hapa tena."

Na mimi ndiye mwenye mdomo. Nilikuwa nimewatembeza watu miezi mingi katika mtaa huo nikiwaambia nani mchoyo na nani mwongo.

Tulipofika bandani, uso wangu ulikuwa umekwisha kusema kila kitu. Mama alinitazama mara moja tu, akatazama nyuma yangu. Mwuza chumvi alikuwa ametufuata, na mama wa Katumba ameacha unga wake, na mwuza kahawa amekuja na birika lake, wote wakijifanya wamekuja kumwangalia Mjapani. Wateja walikuwepo, madereva wawili watatu, karani wa mahakama, wanawake wa sokoni. Mzee akainama. Mama akachutama, akapiga makofi. Wageni wakaketi kwenye benchi, sahani zikawekwa, na mzee akakunja mikono yake mapajani akingoja ile desturi aliyosafiri nayo kichwani tangu kwao.

Mama akachota kijiko cha mchuzi wa migebuka. Akakiinua. Akakishusha.

"Mwalimu," akasema, "mwambie baba yako mimi siwezi kumwonjea. Nimeugua, ulimi wangu hausikii kitu. Nikionja hapa nitakuwa namwapia uongo, na ametoka mbali."

Mwalimu alinitazama kama anayeuliza kama amesikia vizuri. Nilitikisa kichwa kwamba ndiyo. Karani wa mahakama alikuwa ameshika tonge, halipandi wala halishuki. Nilijua ninaangalia banda letu linakufa, na sikuweza kufanya lolote.

Mama akageuka, akamnyooshea kijiko mwuza chumvi.

"Shika, mzee. Onja wewe. Ni miezi sasa unanionjea kwa siri, leo nionjee mbele za watu."

Yule mzee hakushangaa, au kama alishangaa hakuonyesha. Alifuta mikono kwenye kanzu, akapokea kijiko kwa mikono miwili, akasema bismillahi, akaonja.

"Imekolea," akasema. "Karibuni."

"Na mimi je?" akauliza mwuza kahawa. "Mimi nilikula yale yaliyozidi chumvi, nyie. Nina haki."

Akapewa kijiko. Mama wa Katumba naye akapewa. Dereva mmoja akasema basi hata yeye hawezi kukaa tu, na karani akaweka tonge lake chini akasogea. Mwalimu alikuwa anamfasiria baba yake kwa kasi, na sijui alimwambia nini, lakini mzee alisimama, akajipanga nyuma ya karani, akangoja zamu yake ya kumwonjea mama yangu. Ilipofika, alionja, akafikiri, akasema neno moja. Mwalimu akacheka huku anafuta macho.

"Anasema inatosha. Baba hajawahi kumwambia mtu inatosha."

Mama alifunika uso kwa kanga yake. Alilia pale, hadharani, na mimi nililia naye, na sioni haya kuandika hivyo. Mpaka kila mtu alipomaliza kuonja, mchuzi ulikuwa umebaki nusu, ikabidi wageni wapewe maharage.

Banda halikufa. Kuanzia Jumatatu yake, kila asubuhi alikuwepo mtu wa kuonja kabla sufuria haijashuka jikoni, na wakati mwingine walikuwa wengi kuliko ilivyohitajika. Maneno ya uchawi hayakukosekana, Mpanda ni Mpanda, lakini yalikosa pa kushikia. Utamwambiaje mtu kuwa mama yule amefungwa ulimi kwa siri, wakati mwenyewe amelisema kwenye banda lililojaa watu? Ladha haikumrudia mama mpaka anaingia kaburini, na aliendelea kupika hadi miguu ilipokataa. Mwalimu alimaliza muda wake akarudi kwenye mtaa wao wenye paa. Wageni niliendelea kuwatembeza, ila nilijifunza kusema machache na kuwaacha waonje.

Lakini nirudi kwenye Jumatatu ile ya kwanza. Kabla ya kwenda chekechea nilipita kwa mama wa Katumba kumshukuru. Nilikuwa nimejiandaa vizuri, maana kama nilivyosema, maneno matamu si kipaji changu. Nilipiga magoti mbele ya magunia yake ya unga, nikamwambia kwamba bila sahani ile ya maharage chapwa aliyokula na kuisifu, wadogo zangu wangekuwa wameacha shule, na kwamba sijui nitamlipa nini.

Alinisikiliza mpaka mwisho, akipepeta unga wake.

"Mwana wanje, mwanangu, simama utachafuka," akasema. "Sisi tulipoanza kuleta unga hapa mjini, watu walikuwa wanaupita kando. Wanatuuliza tumetoka wapi, tumetia nini. Nilikuwa narudi nao Katumba vilevile, kichwani. Mama yako hakukwambia?"

Nikasema hakuniambia kitu.

"Alikuja na sufuria yake, akasonga ugali wa unga wangu hapahapa njiani, watu wanamtazama. Akala peke yake mpaka ukaisha."